Zabuni ya Maji na Pembe za Shamba



Yako maswali ya haki ambayo Mkristo hukutana nayo sokoni na mwaloni kabla hajayasikia mimbarini. Moja ni hili. Mali ya watu wote inapotolewa kwa zabuni, na zabuni hiyo ikaendeshwa mchana kweupe, bahasha zikafunguliwa mbele ya mashahidi, na mwenye bei kubwa akapewa, je, haki imetendeka? Wengi wetu tungejibu upesi kwamba imetendeka, kwa kuwa tumechoshwa na zabuni zinazoamuliwa gizani. Nawaomba tusiharakishe. Tulichunguze swali hili kwa habari za samaki, maana maji hayana ua wala mipaka ya mawe, na samaki hana alama ya mwenyewe. Hapo ndipo neno "mali ya wote" hujaribiwa kweli.

Kwetu hapa kando ya ziwa, mvuvi wa mtumbwi hashindani kwa mnada; hukata leseni akaenda majini. Lakini zabuni haziko mbali nasi. Halmashauri zimewahi kutoa kwa zabuni kazi ya kukusanya ushuru mwaloni, na sasa maeneo ya kuweka vizimba vya kufugia samaki yanatafutwa na wenye fedha na wasio na fedha. Basi yaliyowapata wengine yatufaa kuyajua mapema.

Wazo kwamba mtawala si mwenye maji bali ni msimamizi tu, ni wazo la zamani. Waingereza, ambao kwao Kanisa letu lilitujia, waliandika mwaka 1215 katika ule Mkataba Mkuu wao kwamba mitego ya samaki iliyoziba mito iondolewe. Na mwaka 1863 majaji wao wa juu kabisa walieleza kwamba tangu Mkataba ule hata mfalme hawezi kumpa mtu mmoja peke yake haki ya kuvua katika maji yanayopwa na kujaa. Kwa hiyo kila serikali inapotoa haki ya kuvua, yagawa kitu kisicho chake. Swali ni namna ya kukigawa.

Kwanza tuitendee haki zabuni yenyewe. Zabuni iliwekwa ili kumzuia mkubwa asigawe mali ya umma kama mtu anavyogawa nyama ya mbuzi wake. Pasipo utaratibu ulio wazi, leseni hufuata undugu na ukabila, au hufuata ile methali ya penye udhia penyeza rupia. Huko Namibia, mwaka 2019, mawaziri wawili walijiuzulu, kisha wakashtakiwa kuhusu rushwa katika kutoa migao ya samaki wa bahari. Walikana mashtaka, na kuhukumu ni kazi ya mahakama, si yetu. Lakini habari ile yatufundisha kwamba mahali ambapo mkubwa mmoja aweza kuamua peke yake nani apate, hata yule aliyepata kwa njia njema hana namna ya kuthibitisha wema wake. Uwazi humlinda mnyonge, na humlinda pia mwenye mamlaka aliye mwaminifu. Juu ya rushwa sitasema zaidi, kwa kuwa jibu lake kila mmoja wetu analijua, ila kulitenda ndiko kunakotushinda.

Yako pia madhara ya kugawa pasipo ushindani wowote. Kisiwa cha Iceland kimeishi kwa samaki miaka mingi. Mwaka 1984, ili kuwaokoa samaki wasiishe, serikali ya huko iliweka migao. Kila chombo kilipewa sehemu yake kwa kadiri kilivyovua tangu Novemba 1980 hadi Oktoba 1983. Shabaha ilikuwa njema. Lakini migao ile ilitolewa bure, na baadaye ikawa kitu cha kuuzwa na kununuliwa. Sheria yao ya mwaka 1990 ilitamka katika kifungu chake cha kwanza kabisa kwamba samaki wa nchi ni mali ya taifa zima. Hata hivyo, kijana aliyetaka kuanza uvuvi baada ya hapo ilimlazimu kununua au kukodi kutoka kwa wale waliopewa bure.

Wavuvi wawili wa huko waliomba mgao wakanyimwa. Mwaka 2001 wakatangaza hadharani kwamba watavua bila mgao, wakavua, wakashtakiwa, na mwaka 2003 Mahakama ya Juu ya nchi yao ikathibitisha adhabu yao. Wakapeleka malalamiko kwa Kamati ya Haki za Binadamu ya Umoja wa Mataifa. Mwaka 2007 Kamati hiyo, ingawa si wajumbe wote waliokubaliana, ilisema kwamba wavuvi hao hawakutendewa kwa usawa. Kuhifadhi samaki ni jambo jema, ilisema, lakini haki ya kutumia mali ya umma ilikuwa imegeuzwa kuwa mali ya watu binafsi, ikabaki mikononi mwa waliotangulia hata pale walipoacha kuitumia wenyewe. Kutangulia kisimani si kumiliki kisima.

Basi mtu atasema: dawa ni mnada, kila anayetaka aje ataje bei yake. Dawa hiyo si mpya, na watu wa Bangladesh wameionja. Nchi ile ni ya mito na mabwawa. Sheria ya mwaka 1950 iliwaondoa mabwana wakubwa wa ardhi, na maji yao yakawa ya serikali. Serikali ikawa inayakodisha kwa vipindi, na kwa muda mrefu desturi ilikuwa kumpa mwenye bei kubwa. Mvuvi maskini, ambaye baba na babu yake walitega katika bwawa lile lile, angekuja mnadani na nini? Wenye fedha wakachukua mabwawa, wakaweka walinzi, na mvuvi akawa kibarua katika maji aliyozaliwa kando yake, au akahesabiwa kuwa mwizi.

Serikali haikukaa kimya. Ilitoa nafasi ya kwanza kwa vyama vya ushirika vya wavuvi. Mwaka 1986 ilijaribu mpango wa kuwapa leseni wavuvi wenyewe. Mwaka 2009 ikatoa mwongozo mwingine wenye kutaka mabwawa yapewe vyama vilivyoandikishwa vya wavuvi wa kweli, wakaao karibu na maji. Ni maneno mazuri. Lakini fedha za kukodi hutakiwa kabla samaki hawajavuliwa, na mvuvi hana fedha hizo. Kwa hiyo tajiri humwendea mwenyekiti wa chama akamwambia: wewe weka jina, mimi nitaweka fedha. Karatasini aliyeshinda ni chama cha wavuvi. Majini mwenye kauli ni yule yule wa zamani. Tena walioshindwa hukimbilia mahakamani kuomba zuio, na misimu hupita shauri halijaisha. Wakati huo anayeendelea kuvua ni yule aliyekwisha kuwamo majini. Hivyo kuchelewa kwa kesi huwa mavuno kwa mmoja na njaa kwa mwenzake.

Hata nchi zenye uwezo hazijalimaliza jambo hili. Visiwa vya Faroe, vilivyo chini ya Denmark, vilianza mwaka 2016 kujaribu mnada kwa sehemu ya samaki wao. Serikali ilipobadilika mwaka 2019, mnada ukaachwa.

Je, mnada ni dhambi? Hasha. Sisi Waanglikana twaujua mnada vizuri. Siku ya Mavuno, baada ya ibada, jogoo aliyeletwa sadaka hupandishwa bei mpaka watu wakacheka, na anayeshinda hutoa fedha mara nyingi kuliko thamani ya jogoo mwenyewe. Hakuna aliyeonewa. Mwenye fedha amemtolea Mungu, na asiye na fedha amekwenda nyumbani bila kupoteza kitu, kwa maana chakula cha watoto wake hakikuwa juu ya meza ile. Hapo ndipo penye tofauti. Bwawa likipigwa mnada, chakula cha watu kimo ndani ya kile kinachouzwa. Bei hutuonyesha nani ana fedha zaidi. Haituonyeshi nani atakayelala njaa akikosa.

Sisi tuliofanya kazi ya ualimu twalifahamu jambo hili kwa njia nyingine. Mtihani waweza kusahihishwa kwa haki kabisa, kila jibu likapewa alama yake bila kutazama jina la mtoto. Lakini kama nusu ya watoto hawakupewa kitabu mwaka mzima, usahihishaji mwema haugeuzi mtihani ule kuwa wa haki. Msahihishaji hana kosa. Kosa lilifanyika mapema, kabla kalamu nyekundu haijashikwa. Na dawa si msahihishaji kuwaongezea alama kwa siri wale wasiokuwa na kitabu. Dawa ni kuwapa kitabu.

Sasa tutazame Afrika Kusini, ambako jambo hili lilifika mahakamani kwa namna mbili zenye mafunzo. Chini ya ubaguzi wa rangi, bahari ilikuwa mikononi mwa wachache. Sheria mpya ya mwaka 1998 iliagiza kwamba katika kutoa haki za kuvua, udhalimu wa zamani ufikiriwe na kurekebishwa. Haki hizo hutolewa kwa kushindanisha maombi. Mtu au kampuni hujaza fomu, akaeleza uwezo wake na habari zake, na maombi yakapimwa kwa kulinganishwa.

Shauri moja lililetwa na kampuni iitwayo Bato Star, iliyolalamika kwamba ilipewa mgao mdogo mno. Mwaka 2004 Mahakama ya Katiba ilikataa dai lake. Jaji Kate O'Regan alieleza kwamba si kazi ya mahakama kuketi katika kiti cha yule aliyewekwa kugawa. Kazi yake ni kuuliza kama uamuzi ni ule ambao mtu mwenye busara angeweza kuufikia, akiwa ameyazingatia yote aliyoagizwa na sheria. Mahakama haikuifanya bahari iwe ya kampuni hii au ile. Ilipima mizani tu.

Shauri la pili lililetwa na wavuvi wadogo wa pwani, ambao hawakuwa hata na nafasi ya kushindwa. Sheria ilimtambua mvuvi wa biashara, mvuvi wa burudani, na mvuvi wa kitoweo. Yule anayevua akala, akauza kidogo apate karo ya mtoto na unga wa kesho, hakuwa na mahali pake katika fomu. Wakaenda mbele ya Mahakama ya Usawa mjini Cape Town. Mwezi Mei mwaka 2007 ilitolewa amri, kwa makubaliano ya pande zote, kwamba wapewe nafuu ya muda na Waziri atunge mwongozo mpya wa wavuvi wadogo. Mwongozo ukatoka mwaka 2012, na sheria ikarekebishwa mwaka 2014. Tangu amri hadi sheria ni miaka 7, nayo ni mingi kwa mtu ambaye riziki yake ya leo iko majini. Lakini tuangalie walivyodai. Hawakumwomba jaji awahurumie kwa sababu ya umaskini wao. Walidai kwamba mlango wenyewe ulitengenezwa wasiweze kupita, na kwamba nchi iliyoahidi usawa haipaswi kuwa na mlango wa namna hiyo.

Sasa tuje kwenye Neno la Mungu. Mambo ya Walawi sura ya 19 ina amri tatu ambazo kwa haraka zaonekana kupingana. Aya ya 9 na ya 10 zaagiza kwamba avunaye asivune pembe za shamba lake wala asirudie masazo. Hayo ni ya maskini na mgeni. Aya ya 15 yakataza mwamuzi kumpendelea mtu kwa sababu ya umaskini wake, au kumstahi kwa sababu ya ukubwa wake. Na aya ya 35 na ya 36 zataka mizani, mawe ya kupimia na vipimo vyote viwe vya haki. Mtu aweza kuuliza: kama Mungu akataza kumpendelea maskini katika hukumu, mbona amemtengea pembe za shamba?

Nadhani jibu liko katika wakati. Pembe huachwa kabla ya mavuno kufika ghalani. Mwenye shamba havuni yote, kisha akachagua kwa macho nani ampe mganda na nani amnyime. Ameziacha pembe, na maskini huja kuokota kwa jasho lake mwenyewe, kama Ruthu alivyookota, bila kumlamba mtu miguu. Kinachobaki ndicho kinachopimwa sokoni, kwa jiwe moja kwa watu wote. Na ugomvi ukizuka, mwamuzi hatazami uso wa mtu. Rehema ina mahali pake, nayo ni pale sheria inapotungwa na mali inapotengwa. Haki ya mizani ina mahali pake, nayo ni pale bahasha zinapofunguliwa. Tukizichanganya, tunaziharibu zote mbili. Anayeingiza huruma kwenye kufungua bahasha atafungua mlango wa upendeleo, na kesho mlango huo utapitwa na jamaa zake. Na anayekataa rehema katika kutunga sheria, kisha akajisifu kwamba bahasha zilifunguliwa kwa haki, amepima kwa mizani safi chakula alichokwisha kumnyang'anya jirani yake.

Kwa hiyo swali letu la mwanzo nalijibu hivi. Zabuni ya wazi ni lazima, lakini haitoshi. Ni ya haki tu ikiwa pembe za shamba ziliachwa kabla ya mnada, yaani sehemu ya maji iliyotosha ilitengwa kwa wale wanaoishi kwayo. Tena iwe ya muda. Walawi sura ya 25 yafundisha kwamba ardhi isiuzwe kabisa, kwa kuwa ni ya Mungu, na kwamba bei ihesabiwe kwa idadi ya miaka ya mavuno. Mwenye kukodi maji amenunua misimu kadhaa tu. Maji yenyewe hakuyanunua.

Asije mtu akatuambia kwamba utaratibu ukifuatwa basi yote ni sawa. Katika 1 Wafalme sura ya 21, utaratibu ulifuatwa. Mfalme Ahabu alianza kwa kumpa Nabothi bei nzuri, au shamba lililo bora kuliko lake. Nabothi alipokataa kutoa urithi wa baba zake, Yezebeli aliandika barua na kuzitia muhuri, akaita mkutano, akapata mashahidi wawili kama torati inavyotaka, na wazee wakahukumu. Kila karatasi ilikuwa mahali pake. Lakini Eliya alipofika hakuuliza habari za karatasi.

Yatupasa nini basi, sisi tusio mawaziri wala majaji? Yako mambo manne.

Kwanza, tusikodishe majina yetu. Mvuvi au mwanachama wa ushirika anayemwekea tajiri jina lake ili apate maji, ameuza pembe ya shamba la jirani zake wote, na bei aliyopewa ni ndogo.

Pili, tusikae pamoja usiku kupanga bei ya kesho. Wazabuni wakikubaliana nani ashinde na wengine waandike bei za kujifanya, wameiibia halmashauri, na halmashauri ni sisi na zahanati yetu.

Tatu, anayeona ameonewa adai haki yake mapema na kwa ukweli. Hapa Tanzania iko Mamlaka ya Rufani za Zabuni za Umma kwa ajili ya malalamiko ya zabuni, nazo mahakama zipo. Lakini kwenda mahakamani kwa shabaha ya kuchelewesha tu, huku ukiendelea kuvua, ni kutumia nyumba ya haki kama maficho. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Na aliyeshinda kwa haki, hata kama ni tajiri, naye apewe yake.

Nne, tuhudhurie mikutano ya kijiji pale kanuni zinapojadiliwa, kabla ya tangazo la zabuni kubandikwa. Wengi wetu hungoja mpaka mshindi atangazwe ndipo tunapoanza kulalamika. Wakati huo shamba limekwisha vunwa. Anayetaka maskini wasisahauliwe aseme wakati pembe zinapopimwa, hata kama mkutano ni mrefu na jua ni kali.

Nabii Ezekieli, sura ya 47, aliona mto ukitoka hekaluni na kuponya maji ya bahari, samaki wakawa wengi mno wa kila namna, na wavuvi wakisimama kandokando, mahali pa kutandazia nyavu zao. Hakuona mlinzi mwenye rungu akiwafukuza. Mungu atujalie kuyasimamia maji yetu hivyo.